Kikapu cha Ghorofa ya Tatu

Jumatatu, 4 Machi

Nimejitolea. Kuanzia leo mimi ni mmoja wa wale wanaowapelekea chakula cha mchana wazee wasioweza kutoka majumbani mwao. Nimeongozwa na huruma tupu. Mke wangu anadai nimeongozwa na yeye, kwa sababu ndiye aliyenifukuza sebuleni. Ametia chumvi. Kweli jana nilimpangia nyuzi zake za cherehani kwa alfabeti. Sikujua mapema kwamba nyeupe, nyeusi, nyekundu na njano zote zitaangukia droo moja na kusokotana. Mteja alikuwa anasubiri gauni. Basi.

Miezi saba sasa tangu ghala lipunguze watu. Miaka kumi na minane nilikuwa karani wa mapokezi pale. Hakuna hati iliyopita mlangoni bila mimi kuigonga muhuri: IMEPOKELEWA. Mtu aliyezoea muhuri akiupoteza, mkono wake unakosa kazi. Wangu hadi leo huwa unagonga meza wenyewe wakati wa chakula. Mke wangu amenikataza.

Jiko liko nyuma ya ukumbi wa mtaa. Mkuu wake ni mwanamke mfupi, mpana, ambaye hata mumewe humwita Mama Jiko. Pembeni mwa jiko kuna kichumba. Nilichungulia. Meza! Feni! Kabati la faili! Na juu ya meza, moyo uliniruka, muhuri na kidau cha wino. Ni vya msimamizi wa njia, anayepanga nani apeleke chakula wapi. Msimamizi wa sasa anahama mji, na mrithi wake atatajwa Jumatano ya wiki ijayo. Tayari najiona nimekaa pale, feni inanipuliza kisogo.

Kuna mshindani mmoja tu. Shemeji yangu, kaka mkubwa wa mke wangu, mstaafu wa posta. Mtaa mzima unamwita Posta. Miaka mitatu yuko kwenye kazi hii na bado hutembea kana kwamba anatafuta kitu alichodondosha. Simwogopi.

Mama Jiko alinisomea masharti. Piga hodi. Subiri ufunguliwe. Mwone mzee kwa macho yako. Keti, muulize amelalaje, jana amekula nini, nini kinamsumbua. Ndipo ujaze kadi. Nikamwuliza kama kuketi ni lazima.

"Chakula ni cha kukufungulia mlango tu," akasema. "Tunachopeleka kule ni macho."

Maneno mazuri. Nikiwa msimamizi nitayabandika ukutani, chini yake jina langu.

Jumanne, 5 Machi

Wazee watano. Saa mbili nzima! Kwa mwendo huu ghala lingefungwa mwaka wa kwanza.

Wa kwanza alikuwa Mwalimu Mkuu, bibi mstaafu mwenye magoti mabovu na macho mazima. Nikamwamkia, akaitikia, akakagua kucha zangu. Halafu akaomba kadi niliyomjazia, akaisahihisha kwa wino mwekundu, akanipa sita kwa kumi. Alisema hati yangu ni nzuri lakini sina ninachosema. Wivu wa kielimu huo.

Wa mwisho anaitwa Fundi Saa. Ghorofa ya tatu, jengo halina lifti. Ngazi sitini na mbili, nilizihesabu kwa magoti. Nikapiga hodi. Kutoka kwenye kiti chake hadi mlangoni: dakika saba. Mkongojo, mguu, pumzi. Mkongojo, mguu, pumzi. Nikiwa nje na mfuko wa chakula, nimesimama tu kama mdeni.

Chumba chake kimoja, na ukutani saa thelathini na moja. Hazigongi pamoja. Moja ikimaliza, nyingine inaanza. Nikamwambia kwa upole kwamba zimeharibika. Akacheka. Alisema amezipanga hivyo makusudi: zikigonga zote pamoja kelele inaisha mara moja, lakini zikipokezana anakuwa na wageni kwa robo saa. Niliguswa, sitaficha. Nusura nikae kidogo.

Ana binti mmoja, anaishi mji mwingine, na binti huyo anataka kumchukua. Kwake hakuna ukuta wa saa hata tano. Mzee hataki kwenda. Wakakubaliana hivi: maadamu kila siku mtu anamwona kwa macho na kuandika, abaki. Kila Ijumaa jiko humtumia binti picha za kadi. Kwa maneno mengine, mimi ndiye ninayemshikia mzee chumba chake. Ni wadhifa mzito kwa mtu asiye na muhuri.

Nikarudi jikoni saa nane. Posta akarudi saa tisa na nusu, wa mwisho kabisa, amebeba vyombo vitupu kama aliyetoka harusini. Nikakaa mkao wa kusikia akigombezwa. Mama Jiko akamsifu! Ati Posta amegundua bibi mmoja ameanza kugeuza sikio la kushoto anaposikiliza, la kulia linaziba, apelekwe kwa daktari. Sifa kwa kuchelewa! Jiko hili linahitaji utaratibu. Linanihitaji mimi.

Jumatano, 6 Machi

Nimelipata jibu. Nilikuwa natafuna mkate, likaja lenyewe.

Dirisha la Fundi Saa linatazama uani, nyuma ya jengo. Kamba. Kikapu. Yeye juu, mimi chini. Nafunga chakula, navuta kamba mara mbili kumwambia kipo tayari. Anapandisha. Kikifika, anavuta mara mbili kuniambia yuko salama. Ngazi sitini na mbili zimefutwa. Dakika saba za mlangoni zimefutwa. Ghalani wangenipa cheti.

Nilipanda leo kumweleza. Nilidhani atapinga, kumbe fundi ni fundi. Akafungua sanduku, akatoa kapi kuukuu, kigurudumu cha kupitishia kamba, akalifunga kwenye chuma cha dirisha kwa mkono unaotetemeka lakini unajua kazi. Tukajaribu na kiatu changu. Kikapanda, kikashuka. Tulifurahi wote wawili. Halafu akaniuliza kama bado nitakuwa napanda kukaa naye. Nikamwambia bila shaka, mara mojamoja, nafasi ikiruhusu. Akasema sawa. Akageuka kuipangusa saa moja ambayo haikuwa na vumbi.

Nyumbani nikamwambia mke wangu kwamba msimamizi mtarajiwa, yaani mimi mumewe, amevumbua kitu. Akaniuliza kitu gani. Nikajitia hamnazo. Posta hula kwetu Jumapili, na siri haina kuta katika nyumba hii.

Alhamisi, 7 Machi

Ushindi! Kamba ilifanya kazi kama saa, tena saa ya Fundi Saa mwenyewe. Nikafunga, nikavuta mara mbili, kikapu kikapanda polepole, kikasimama, kikapanda. Mkono wake ukatokea dirishani. Ukavuta mara mbili. Nikaupungia.

Kadi: "Nimemwona. Nimeketi naye. Mchangamfu." Mkono ni sehemu ya mtu. Na niliketi, kwenye kijiwe cha uani, nikifunga kiatu.

Nikarudi saa saba na robo. Wa kwanza! Mama Jiko aliniuliza kama nimesahau mzee mmoja. Nikamwambia nina njia zangu. Aliniangalia kwa jicho la pembe, jicho la mtu anayefikiria kumpandisha mwenzake cheo.

Kwa kuwa nilikuwa na muda, nilikaa ukumbini nikajaza kadi za wiki ijayo nzima, wazee wote watano. Kwa nini nisubiri? Wazee hawabadiliki. Mwalimu Mkuu atalalamikia magoti. Fundi Saa atakuwa mchangamfu. Jumanne nimempa hamu ya supu zaidi, ili kadi zisifanane. Hati yangu leo ilikuwa ya kupendeza mno. Nane kwa kumi, kwa kiasi.

Ijumaa, 8 Machi

Siku mbaya. Naandika kwa mpangilio ili nielewe mwenyewe.

Saa saba nilifunga chakula, nikavuta. Kikapu kikapanda. Kilipofika usawa wa ghorofa ya pili kikasimama, nikadhani mzee anapumzika. Ghafla kamba ikavutwa mara mbili, kwa nguvu sana. Nikajisemea, leo mzee ana afya! Juu kitu kikaanguka, kishindo kizito. Saa, bila shaka, anazo nyingi. Jua lilikuwa machoni, sikuinua kichwa. Kadi: "Nimemwona. Mchangamfu. Nguvu zinamrudia." Mama Jiko akaipiga picha pamoja na nyingine, akamtumia binti.

Saa kumi Posta alipanda ngazi zile kumpelekea mzee saa yake ya mkononi inayochelewa. Akapiga hodi. Akasubiri dakika saba. Akasubiri nyingine saba. Akasikia sauti ndogo. Akamwita mwangalizi wa jengo na funguo. Fundi Saa alikuwa chini ya dirisha, mkono umevunjika, nyonga imevia damu. Saa tatu nzima amelala sakafuni. Wakampeleka hospitali.

Posta ndiye aliyetusimulia, amesimama mlangoni kwetu, hakutaka hata maji. Mke wangu alilia. Mimi nikasema kwa bahati nzuri nilimwacha mzima. Nikakumbuka kamba.

Nilikimbilia kule kabla giza halijaingia, nikaivuta mpaka ikang'oka pamoja na kapi. Kikapu kilikuwa hakipo. Kwenye dirisha la ghorofa ya pili alikaa kijana mwenye mabega mapana, yule kapera anayebeba vyuma vya mazoezi asubuhi, sote tunamwita Mbeba Vyuma. Mbele yake chombo chetu, mfuniko wa bluu, kimeoshwa na kung'arishwa. Akanisalimu vizuri. Akaniuliza kama huduma hii ya kikapu ni ya jengo zima, maana leo alikiona kinapita, akakinyakua, kikakwama, ikabidi akivute mara mbili. Alisifu viazi. Alisema nyama iongezwe.

Kwa hiyo ndiye aliyevuta. Na mwisho wa pili wa kamba alikuwa mzee, mkono mmoja kwenye kamba, mwingine kwenye mkongojo.

Mbeba Vyuma hajui kilichotokea juu. Sikumwambia. Nilimwomba tu asitaje kikapu kwa mtu, ni jaribio la siri la jiko. Akasema hana neno, mradi jaribio liendelee. Nimemwahidi chakula changu cha jioni, kila jioni, mpaka nitakapopata wazo.

Jumamosi, 9 Machi

Binti amefika. Habari zote nazipata kwa mke wangu, anayezipata kwa kaka yake, ambaye ameshinda hospitalini tangu asubuhi.

Mzee amemwambia binti yake kwamba tangu Jumatano hakuna mtu aliyepanda. Kwamba chakula kilikuja kwa kikapu. Kwamba kamba ilimvuta yenyewe. Binti akatazama dirishani kule chumbani, hakuna kamba, hakuna kikapu. Akatazama kadi kwenye simu yake: nimemwona, nimeketi naye. Akaenda koridoni akalia. Anaamini akili ya baba yake imeanza kumpotea. Mtu anayeona vikapu hewani hawezi kuachwa peke yake. Alhamisi anamchukua. Mnunuzi wa vitu vikuukuu ameshakuja kuzikagua saa.

Mke wangu aliweka kijiko chini. "Mume wangu, kuna kamba?"

Nikamwuliza kamba gani. Ilikuwa chini ya kitanda, upande wangu.

Jumapili, 10 Machi

Niliamka nikajisikia vibaya kweli. Kitu kizito hapa kifuani. Mzee anasema kweli na hakuna anayemwamini, na anayejua ni mimi. Nilifikiria jambo hilo kwa dhati. Nikalala kidogo baada ya chai, kikapita.

Nilipoamka nikakuta mke wangu ameiona kamba, ameifunga uani, ameanika mashuka. Ameisifu, haiachi alama. Posta alikuja kula mchana, akakaa chini ya kamba kabisa. Tone la maji likamdondokea kwenye sahani. Akainua kichwa, akaitazama kamba kwa muda mrefu, akaendelea kula. Alikula polepole, kama anavyofanya kila kitu. Mimi sikula. Jumapili tunapika mara moja, na sahani yangu ilikuwa ya jioni ya Mbeba Vyuma.

Jumatatu, 11 Machi

Mama Jiko aliniita kwenye kichumba. Nilikaa karibu na muhuri. Kipini chake cha mbao, kimelainika kwa mikono ya watu. Alikuwa anaongea kwa dakika nzima kabla sijaanza kusikiliza.

Binti wa Fundi Saa anataka kukutana na mtu aliyeandika kadi. Keshokutwa, saa tisa, hospitalini, wodi ya ghorofa ya nne. Anataka kusikia mbele ya baba yake kama kweli mtu huyo alipanda. Akisema alipanda, basi mzee amechanganyikiwa, na safari iko palepale. Akisema hakupanda, mzee anarudi kwenye saa zake. Mama Jiko alivua miwani.

"Nenda ukamwambie ulichokiona. Si ulichokiandika. Ulichokiona."

Nikasema nitafanya hivyo kwa roho moja. Nikamwuliza, kwa kupita tu, kama uteuzi wa msimamizi bado ni keshokutwa. Alisema ni keshokutwa hiyohiyo, jioni. Akauondoa muhuri mbele yangu, akauweka kwenye droo. Sijui kwa nini.

Nimeona hatari iliko. Nikisema kweli, nakosa meza. Nikisema uongo, mzee anakosa chumba. Lazima kuna njia ya katikati, na watu wenye vichwa huiona.

Jumanne, 12 Machi

Leo nilimvisha Mama Jiko kilemba cha ukoka tangu asubuhi. Nilisifu supu. Nilisifu masufuria. Nilisifu namna anavyomenya vitunguu, akaniambia vile ni viazi.

Halafu Posta akanishangaza. Tulikuwa tunasubiri vyombo vijazwe, akaniambia, shemeji, mimi nimeomba jina langu litolewe. Usimamizi hautaki. Msimamizi hukaa ofisini, hapandi kwa wazee. Alisema hayo huku anafunga mfuko wake, bila kuniangalia. Ujanja wa hali ya juu! Anajitoa ili abembelezwe. Miaka thelathini ya kubeba barua za watu imemfundisha hila zote.

Akaongeza kwamba jana alikaa na Fundi Saa. Mzee ameacha kubishana na binti yake. Ameanza kumwomba radhi kila anapotaja kikapu. Ameanza kumwuliza nesi kama kweli kulikuwa na kikapu. Posta akanitazama usoni, akangoja. Nikamwambia uzee ni mtihani. Akachukua mfuko wake akaondoka.

Jioni nilikaa na njaa yangu nikafanya mazoezi ya njia ya katikati mbele ya kioo. "Nilipanda kwa namna fulani." "Kupanda ni nini hasa?" Mke wangu alikuwa anashona nyuma yangu. Cherehani ikasimama.

"Kama mzee huyo ataondoka kwa sababu yako," akasema, "na wewe utafute ghorofa yako."

Amechoka. Ana wateja wengi mwezi huu.

Jumatano, 13 Machi

Nilikwenda! Iandikwe hivyo. Shati jeupe, ndizi sita za mgonjwa kwenye mfuko. Saa tisa kasoro robo nilikuwa ndani ya geti la hospitali.

Lifti ilikuwa mbovu. Ghorofa ya nne. Nikapiga moyo konde, nikaanza kupanda. Ghorofa ya kwanza nikapumzika. Ya pili nikakuta benchi zuri. Nikakaa kupanga maneno, na maneno hayapangiki bila kitu tumboni, nikala ndizi moja. Ndizi ya pili ilikuwa imeiva sana, isingefika. Zilipokwisha nikaona aibu kuingia mikono mitupu. Na zaidi nilifikiria hivi: mgonjwa anahitaji utulivu. Mtu akimletea habari nzito anaweza kushtuka. Huruma ikanishinda. Nikashuka, nikamwomba mlinzi wa getini afikishe salamu wodini. Alisema atajaribu.

Njia ya katikati ilikuwa imejileta yenyewe. Nisingesema kweli wala uongo kwa binti. Ningesema tu kwa Mama Jiko.

Nikaingia jikoni saa kumi na nusu. Posta alikuwa anaosha vyombo. Mama Jiko anakoroga. Mlango wa kichumba umerudishwa, feni inazunguka ndani. Nikajua wanaiandaa meza yangu, nikapaza sauti kidogo ili hata feni isikie.

Mama Jiko aliuliza kama nimekwenda. Nimekwenda. Kama nimemwona mzee kwa macho yangu. Kwa macho yangu haya mawili. Amelala au amekaa? Amekaa, mito miwili mgongoni, amenyooshea mkono wake mzima, tumeshikana, machozi yakamtoka. Na binti? Nikasema binti ni mtu wa heshima sana, amenikalisha, tumezungumza kwa kirefu, ameridhika kabisa. Kuhusu kupanda, je? Nikasema tumeelewana.

Akaomba faili langu la kadi. Nikampa kwa mkono thabiti. Nilikuwa nimesahau zilizomo. Akachomoa kadi moja, akavaa miwani, akasoma kwa sauti ya kawaida kabisa, kama anayesoma orodha ya mboga.

"Alhamisi, tarehe kumi na nne. Nimemwona. Nimeketi naye. Mchangamfu." Akageuza nyingine. "Ijumaa, tarehe kumi na tano. Amelala vizuri, amemaliza viazi." Akanitazama juu ya miwani. "Keshokutwa amemaliza viazi."

Mlango wa kichumba ukafunguka. Fundi Saa alikuwa amekaa kwenye kiti cha msimamizi, mkono umefungwa plasta hadi kwenye kiwiko, na nyuma yake amesimama mwanamke mwenye uso wake uleule, mfuko wa safari begani. Walimruhusu tangu asubuhi. Walipita kumuaga Mama Jiko kabla ya safari ya kesho, na hospitali waliacha ujumbe wa kunielekeza huku. Uko wodini. Ghorofa ya nne.

Posta alizima bomba.

Binti hakunitazama hata kidogo. Alipiga magoti mbele ya kiti, pale kwenye sakafu yenye maji.

"Baba, nisamehe. Nilidhani ni wewe."

Mzee alimwekea mkono mzima kichwani. Halafu akamwuliza, taratibu, kwa sauti ya mtu anayetaka kuhakikisha, "Kwa hiyo kamba ilikuwepo?"

"Ilikuwepo, mzee," akasema Posta. "Ipo kwa dada yangu, imeanikiwa mashuka."

Mzee akafumba macho. Nilidhani analia, kumbe anacheka, mabega yote yanacheka, na binti naye, halafu Mama Jiko, mwiko mkononi. Nikacheka pia, kwa adabu. Wakaacha.

Alhamisi, 14 Machi

Natoa muhtasari, kwa kuwa mambo yamekwenda vizuri kuliko nilivyotarajia.

Fundi Saa amebaki. Binti amemrudisha mwenyewe chumbani, amemfukuza mnunuzi wa vitu vikuukuu, na atakaa naye wiki mbili ajifunze kuzitia saa ufunguo. Njia yangu amepewa Mbeba Vyuma. Alipoambiwa kilichotokea juu ya dirisha lake, alipanda mara moja kumwomba mzee msamaha, akakaa mpaka usiku, na leo asubuhi akaja jikoni kujiandikisha. Ngazi sitini na mbili anapanda mara mbili, kwa kupenda. Mwalimu Mkuu amempa saba kwa kumi siku ya kwanza! Msimamizi hakuteuliwa. Mama Jiko ameufungia muhuri nyumbani kwake.

Mke wangu haongei nami. Ila amerudisha sahani yangu mezani, na niliipokea kwa heshima kubwa.

Nimetafakari kwa kina. Binti asingemwamini baba yake kamwe kama asingenisikia mimi, kwa masikio yake, nikieleza jinsi nilivyomwona mahali ambapo hakuwepo. Ningesema kweli, angebaki na shaka. Kwa hiyo aliyemrudishia mzee chumba ni nani? Sitaki sifa. Nimemdokeza tu Posta, aliyesimama akanitazama muda mrefu kuliko alivyoitazama kamba.

Kosa moja nalikubali, maana mimi si mtu wa kukwepa lawama. Sikupiga simu kwanza kujua mgonjwa yuko wapi. Halitarudiwa.

Mama Jiko amesema naweza kurudi, kuosha vyombo, kwa sharti moja: nipande kwa Fundi Saa, nimwombe radhi ana kwa ana, kisha nimrudishie yeye Mama Jiko jibu la mzee. Ni sharti la haki. Barua ya kuomba radhi nimeiandika usiku huu, kurasa mbili, hati safi kabisa. Na jibu la mzee pia.